Shamraiz na Njiwa wa Kaka Yangu

Nitamsema Shamraiz nilivyomjua, na atakayekasirika na akasirike.

Ni mtoto wa fundi cherehani, mtaa wa pili kutoka kwetu, hapa Lahore, ndani ya kuta za mji wa kale. Aliuza pikipiki aliyopewa na baba yake akanunua kamera, na tangu hapo hana bosi wala mke. Hupiga filamu za watu ambao wengine huwacheka: wanaopiganisha kware, wanaume wanaojipamba kama maharusi kwenye sherehe za mawalii. Kisha huwaigiza jukwaani. Na kuiga, simnyimi haki yake, anajua. Siku moja alipiga chafya ya marehemu mama yangu nikageuka kumtafuta.

Mwaka mmoja akaja kwa warusha njiwa, yaani kwa kaka yangu Nazar. Njiwa hurushwa alfajiri, na atakayekaa angani muda mrefu kuliko wote ndiye mshindi. Nazar alikuwa na kifua kibovu. Alijua mwakani hatapanda tena ngazi ya paa, na alitaka kombe lile moja kabla hajashuka.

"Mwache kijana apande, dada. Watu watatuona."

"Watakuona ukikohoa," nikamjibu.

Alasiri walibaki njiwa wawili juu, wetu na wa jirani yetu Lateef. Mwamuzi alikaa kwenye kitanda cha kamba, saa mkononi. Shamraiz akasimama mbele ya kamera yake kuwaeleza watazamaji jinsi njiwa anavyoitwa nyumbani. Hakueleza tu. Akatikisa kopo la mtama, akapiga mluzi wa Nazar mwenyewe, na kikohozi chake katikati.

Njiwa wetu akashuka moja kwa moja, akatua ukingoni mwa paa.

"Ametua," mwamuzi akasema, akaandika saa.

"Umefanya nini wewe?" Nazar akauliza.

"Mjomba, nilikuwa naonyesha tu..."

"Unamwonyesha nani? Hapa nani hajui?"

Kwenye paa la ng'ambo, Lateef alikuwa ameshaita wapiga ngoma. "Nazar! Ahsante kwa kumwita mapema! Pilau yangu ilikuwa inapoa!"

Nazar akakaa chini, mikono imefunika uso. Shamraiz akamsogezea kamera.

"Zima," nikamwambia.

"Shangazi, filamu yenyewe ndiyo hii."

Nikabeba beseni la maji ya njiwa, nikaimwagia kamera yote. Alipiga yowe kama amemwagiwa yeye. Nikamfuata mpaka mlango wa chini, nikaufunga kwa komeo.

Alirudi baada ya wiki na boksi la halua na kamera ya kuazima, akapiga hodi uchochoroni. Anataka kumalizia filamu yake, akasema, ataomba radhi mbele ya watazamaji wote. Mbele ya watazamaji!

"Mfungulie, dada," Nazar akasema kitandani. "Kijana wa watu amesimama juani."

"Wa watu gani?" nikamuuliza. "Kunywa dawa yako."