Nkeri za Kijitoni

Mvua ya mawe ya Johannesburg hunyesha mchana, kwa hasira, dakika kumi hivi, kisha jua hutoka kana kwamba hakuna lililotokea. Siku moja ya Desemba mwaka 2016, baada ya mvua ya namna hiyo, bonde lililo nyuma ya mtaa wetu wa Malvern lilinuka matunda yaliyopondwa. Ilikuwa harufu tamu yenye uchachu kwa mbali, imechanganyika na matope na maji machafu ya kijito. Koko alisimama katikati ya njia, akainua pua. Koko ndivyo Wakongo tunavyomwita bibi, na huyu alikuwa mama yake mama. Aliniachia mkono, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu aje mjini, akashuka kuelekea majini akipangua nyasi kwa fimbo yake. Nilipomfikia alikuwa amepiga magoti kwenye mawe ya mteremko, hajafika majini, mbele ya kichaka cha miiba, mdomo umeshageuka zambarau, na machozi yanamtoka. "Nkeri," alisema. "Hii iko nkeri ya kwetu, mutoto wangu. Nani aliileta huku?"

Ili mtu aelewe machozi yale, lazima ajue miezi mitatu iliyotangulia. Koko alikuwa ameletwa kwetu kutoka milima ya Kivu baada ya kijiji chao kuchomwa. Alifika na mfuko mmoja wa nailoni na kikohozi, akapewa kitanda changu, mimi nikahamia chini. Tulikuwa tumepanga chumba kimoja cha uani. Baba alikuwa mlinzi kwenye jengo la maofisi, mama alisuka nywele mbele ya duka huko Jules Street, na mimi, mwenye miaka kumi na mmoja, nilikuwa shuleni. Basi Koko alishinda amekaa kitandani akitazama ukuta. Mama alimsihi atoke, akakataa. Hakuna alichokijua huku, alisema, hata majani hakuyajua majina. Robot ya Jules Street, taa ya kuongozea magari, ilimtisha kwa jinsi ilivyokuwa ikiwasimamisha watu wazima na kuwaruhusu bila kusema neno. Shule zilipofungwa mama akanipa amri: kila siku, baada ya chakula cha mchana, nimtembeze Koko bondeni, apende asipende. Nilinuna wiki nzima. Kisha ikanyesha mvua ya mawe.

Tangu siku ile ni yeye aliyekuwa akinitembeza mimi. Nkeri ni tunda dogo la porini, vijidonge vingi vilivyobanana pamoja, linaloanza jekundu na kuishia karibu jeusi, na shina lake hutambaa juu ya nyasi na mawe likishika nguo za kila apitaye. Mimi niliona miiba tu. Koko aliona koo mbalimbali. Chini kabisa, kando ya maji, palikuwa na aina yenye maua makubwa meupe, matunda meusi yanayong'aa, imesongamana hadi ndege wadogo tu ndio waliopenya. Hiyo hakuwahi kuiona maishani mwake, na aliiangalia kwa mashaka, kama mtu anavyomwangalia mgeni aliyekalia kiti cha baba. Miaka mingi baadaye nilisoma kwamba kwao ni Marekani, na kwamba mtu aliyeileta Afrika Kusini hakujua anachokifanya. Juu zaidi, kwenye mteremko wa mawe, pale maji ya mvua yanapopita bila kutuama, palikuwa na kichaka kimoja kipana chenye maua madogo ya pinki na majani ambayo upande wa chini ni meupe, yana manyoya laini. Hiyo ndiyo nkeri. Inaota milima ya Kivu, inaota huku, na katikati hapo inaota sehemu nyingi za bara hili bila kupandwa na mtu. Na kati ya kijito na mteremko palikuwa na vichaka ambavyo havikuwa huku wala kule, vya maua ya pinki iliyopauka na matunda yenye mbegu nyingi kuliko nyama. Koko alivitazama siku mbili tatu, kisha akacheka, mara ya kwanza kumsikia akicheka. "Hizi ziko batoto ba zile mbili," alisema. "Bameoana bila kuuliza mutu."

Tulichuma likizo nzima. Tulibeba makopo ya yogati yaliyooshwa, na Koko alinifundisha kuchuma tunda lile tu linaloanguka lenyewe ukiligusa, maana linalong'ang'ania bado lina hasira. Nyumbani alikoroga nkeri ndani ya uji wa mtama hadi uji ukawa zambarau kama sare za kwaya. Jumapili alipeleka makopo mawili kanisani, katika ukumbi wa juu ya duka la matairi ambako Wakongo wa mashariki tulisali, akawapitishia akina mama wa kutoka milimani. Namkumbuka mmoja, mnene, aliyekuwa na mdomo mkali kuliko wote, akiweka tunda ulimini na kunyamaza hadi ibada ilipokwisha. Baada ya hapo Koko alikuwa mtu. Walimwita Koko wa Nkeri, walimwuliza habari za kikohozi cha watoto, walimwachia kiti cha mbele. Akaanza kuamka kabla yetu. Januari aliinamisha shina moja refu la kichaka cha pinki, akaigusisha ncha yake udongoni na kuilazia jiwe juu, akaniambia mmea huu hauna haja ya mbegu. Ukishika ardhi kwa ncha ya kidole unaanza nyumba nyingine. Tulipolinyanyua lile jiwe kuchungulia, wiki chache baadaye, vizizi vyeupe vilikuwa vimetoka. Alipanga kukileta hicho kimche uani kwetu, kwenye ndoo iliyopasuka, mvua zitakapopungua.

Sasa nifike kwangu. Shule ilipofunguliwa niligundua kwamba njia ya bondeni ndiyo waliyopita wenzangu kurudi nyumbani. Mimi shuleni sikuwa Mkongo. Kwenye daftari la mwalimu niliitwa Josephine, jina lisilosema lolote, na Kizulu changu hakikuwa na doa, kwa hiyo niliacha kila mtu adhani kwetu ni Natal, kwa Wazulu. Rafiki yangu Lerato alidhani hivyo kwa miaka miwili, akala chakula changu nami nikala chake. Sikuwa mjinga. Maduka ya wageni pale Jules Street yalikuwa yamevunjwa mbele ya macho yangu, na mama alikuwa amenifundisha kunyamaza ndani ya teksi mtu akianza kuuliza maswali. Lakini nisijifiche nyuma ya hofu. Hofu ilikuwepo, ila kilichonitawala kilikuwa aibu. Niliona aibu kwa kitenge cha Koko, kwa sauti yake kubwa, kwa meno yake yaliyogeuka zambarau. Na wakati huohuo mimi ndiye niliyekuwa mdomo wa nyumba yetu. Zahanati, ofisi ya makaratasi ya ukimbizi, mwenye nyumba, kote huko nilipelekwa nikasimama kati ya watu wazima nikigeuza Kiswahili kuwa Kizulu na Kizulu kuwa Kiswahili. Watoto wa wageni wengi wa mji huu wameikamata kazi hiyo kabla hawajaota meno ya ukubwani. Unajifunza upesi kwamba pande zote mbili zinakutegemea, na kwamba hakuna wa kukukagua.

Siku yenyewe ilikuwa ya Februari, saa tisa alasiri. Tulikuta kikosi cha watu wenye ovaroli za rangi ya machungwa na matangi mgongoni, wanakata miiba na kunyunyizia visiki dawa yenye rangi ya buluu. Walikuwa wameanzia majini na sasa wanapanda mteremko. Kiongozi wao alikuwa mama wa makamo mwenye kofia pana. Ningependa kusema alikuwa mkali, lakini alikuwa mtu mwema sana. Alituona na makopo yetu, akamwamkia Koko kwa heshima, akanieleza kwa Kizulu kwamba wametumwa kuondoa miiba ya kigeni inayoziba kijito. Shida yake ni kwamba vijana wake hawaitofautishi na ijingijolo, ile ya asili, na machotara yamevuruga kila kitu. Kama gogo, yaani bibi, anaijua ya asili, alisema, amwonyeshe tu, naye atafunga utepe mwekundu na hakuna atakayeigusa. Utepe wenyewe alikuwa nao mkononi. Nilimgeuzia Koko maneno hayo, na uso wake ukafunguka. Tangu afike mji huu hakuna aliyekuwa amemwuliza kitu anachokijua.

Akasema. Alisema kwa muda mrefu, kwa fimbo na kwa mikono miwili. Kwamba ile ya maua meupe bachukue yote, ni ngeni na imekuja kumeza wenzake. Kwamba hizi za katikati ni watoto wa wale wawili, wafanye watakavyo, matunda yake hayana maana. Kwamba hii ya maua ya pinki mawe yanaijua, iko ya hapa na iko ya kwao, watazame tumbo la jani. Kwamba pale chini ya jiwe kuna mtoto wake ana mizizi tayari, wasimkanyage. "Ubaambie," alimaliza, ameshika kifundo cha mkono wangu, "ubaambie hii basiikate, mimi naiomba." Na katikati ya maneno hayo nikawaona Lerato na wasichana wengine wawili wamesimama juu ya daraja dogo, pakiti ya chipsi mkononi, wanatusikiliza.

"Uthini ugogo?" yule mama aliniuliza. Gogo anasemaje?

"Uthi akazi," nikajibu. Anasema hajui.

Nilisema kwa sauti ya chini, nikitaka yaishe, nikitaka Koko aache kupaza Kiswahili chake bondeni. Yule mama akatutazama mmoja mmoja, kisha akaurudisha utepe mfukoni. Tulipokuwa tunapanda njia, Koko aliuliza mbona yeye amesema mengi na mimi nimesema kidogo vile. Jibu lilikuja lenyewe, na bado najichukia kwa jinsi lilivyokuja kwa urahisi. "Kizulu kiko kifupi, Koko."

Kesho yake alitaka twende. Kichaka kilikuwa visiki vya buluu, na jiwe lake lilikuwa limepinduka. Koko alisimama pale akapapasa kisiki kimoja, vidole vikabaki na rangi ile siku mbili. Sikuomba msamaha, na yeye hakumlaumu yeyote. "Balisikia," alisema. "Lakini kazi iko kazi." Ningetamani angenipiga. Badala yake nilikaa kanisani Jumapili nikimsikia akiwasimulia akina mama jinsi wenyeji wa huku walivyobarikiwa lugha, kwamba mambo ambayo sisi tunayazungumza hadi koo linakauka, wao huyasema kwa maneno mawili, na mjukuu wake anaijua lugha hiyo yote. Wale mama walinitazama kwa fahari. Alilirudia simulizi hilo miaka kadhaa, kila mgeni alipofika. Makopo ya yogati aliyapa akina mama wa jirani. Matembezi yalipungua, halafu yakakoma, na kufikia majira ya baridi alikuwa amerudi kitandani, uso umeelekea ukutani. Lerato, kwa taarifa yenu, hakuniuliza chochote. Mwaka uliofuata alinialika kwao na kumwambia mama yake, bila kupepesa macho, kwamba mimi ni Mkongo. Alikuwa anajua siku zote.

Siku hizi bonde lina njia ya lami na mabenchi. Miiba ya maua meupe ilirudi baada ya misimu miwili, imenawiri kuliko zamani, na ya kuchanganyika ipo hapa na pale. Ya pinki sijaiona tena, na nimeitafuta kila Desemba. Nina miaka ishirini, nasoma, na Jumamosi najitolea kutafsiri katika zahanati ambako wanakuja Wakongo na Warundi wasiojua lugha ya huku. Nasifiwa kwa kutoacha neno hata moja. Daktari mmoja aliwahi kunitania kwamba wagonjwa wangu huchukua muda mara mbili ya wengine. Nilicheka naye, kisha nikaenda chooni nikalia.

Desemba iliyopita mvua ya mawe ilinyesha mchana. Koko sasa haoni vizuri, lakini pua yake ni ileile. Nilikuwa nimemletea kopo la nkeri za chotara, mbegu tupu, kwa sababu ndizo nilizopata. Alikula moja, akaitema polepole kiganjani. Kisha akaniomba kitu. Nimwambie kwa Kizulu, alisema, yale maneno aliyoyasema siku ile kijitoni, anataka kuyasikia kabla hajafa. Sikujua kama anajua kwamba siku ile sikuyafikisha. Hadi leo sijui. Nilikaa chini mahali pangu pa zamani, kando ya kitanda, nikaanza. Nikasema ile nyeupe waichukue yote. Nikasema habari za watoto wa wale wawili, na tumbo la jani, na mawe, na mtoto aliye chini ya jiwe mwenye mizizi tayari. Nikasema anawaomba. Nilisema yote, na ilichukua muda mrefu, na mara mbili nilirudi nyuma nisije nikaacha neno. Koko alisikiliza amefumba macho hadi mwisho.

"Kumbe lugha yao haiko mufupi," alisema.

"Hapana, Koko," nikamjibu. "Haikuwa fupi."