Bibi Atu na Kilio Chake

Mvua za Machi zilipozidi mwaka ule, nyumba yetu kule milimani juu ya Mbeya ilinuka pareto. Maua yalikuwa yamegoma kukauka, yakahamishiwa sebuleni, nasi tukalala humo humo tukipiga chafya kama mbuzi. Nilikuwa darasa la tano, na kazi yangu kubwa duniani, ukiacha kuteka maji, ilikuwa kuwaiga watu. Niliyempenda zaidi kumwiga ni Bibi Atu, mdogo wake bibi yangu mzaa mama. Alikuwa ameimba opera Ulaya miaka arobaini, kwanza jukwaani, kisha kwenye filamu, mpaka goti lilipomrudisha nyumbani. Opera ni mchezo ambamo watu hawasemi, wanaimba tu, hata wakiwa wanakufa. Na yeye alikufa sana. Kwenye filamu zake, tulizozitazama katika simu ya mjomba, alikufa kwa sumu, kwa kisu, kwa kifua kikuu, na kila mara alibakiwa na pumzi ya kuimba dakika kumi. Nami nilikufa vilevile jikoni, nimejifunga shuka, bibi akicheka huku ameshika mbavu. Bibi Atu alilalamika tu kwamba nakufa haraka mno.

Wiki ya Pasaka bibi akafariki. Kwetu mwanamke anayekuja msibani huanza kulia tangu barabarani, waliomo ndani wajue nani anakuja na uchungu wake una uzito gani. Bibi Atu alikuja kimya. Akapita katikati ya akina mama, akaketi mkekani karibu na jeneza, macho makavu. Minong'ono ikaanza: koo lililowalilia wazungu kwa malipo limemnyima dada yake kilio. Mama mkubwa akatamka wazi kwamba asiyelia asipewe udongo wa kutupa kaburini. Mcheza kwao hutunzwa, walisema wahenga. Anayelia kwao hufanywaje, hilo hawakusema.

Bibi Atu akaniita nyuma ya nyumba.

"Nikilia watasema naigiza," alisema. "Na mimi mwenyewe sitajua kama siigizi."

Akanishika bega.

"Wewe mjukuu ni mtani wangu. Nenda ukanililie. Wakishamaliza kunicheka kupitia kwako, labda nitaweza."

Mtani ana ruhusa ya kufanya mzaha msibani. Nikajifunga shuka, nikatokea barabarani nikilia kwa opera, nikaanguka mlangoni, nikafufuka, nikaimba, nikaanguka tena. Kwanza nikadhani nitachapwa. Kisha mama mkubwa mwenyewe akapasuka kwa kicheko, akajifunika uso kwa kitenge, na mkeka mzima ukamfuata. Ndipo nyuma yangu Bibi Atu alipotoa sauti. Haikuwa na pumzi wala mpangilio. Ilikwaruza, ikakatika, ikamwita dada yake kwa jina la utotoni ambalo hata mama hakulijua. Kicheko kikafa. Mama mkubwa akamsogelea, akamkumbatia, na pale kaburini akamtilia udongo kiganjani kabla ya wengine wote.

Sasa niko kidato cha tatu, bwenini Iringa, na naiga walimu wote, mkuu wa shule akiwemo. Wakati wa likizo wenzangu wa nyumbani hunitaka nife kama Bibi Atu wa kwenye filamu, nami nakufa, siku hizi taratibu zaidi. Kilio cha siku ile hawakiombi, hakuna aliyekirekodi. Nimewahi kukijaribu mara moja, peke yangu bafuni. Ikatoka sauti nzuri mno, nikaacha.