Ubao Juu ya Mawimbi ya Karungu

Iko siku moja, mwanangu, ambayo hunirudia kila upepo wa alasiri ukivuma. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya sitini, mvua ilipokataa kukoma na ziwa likapanda hadi likameza shamba letu la mtama hapa Karungu. Miamba tuliyokuwa tukifulia nguo ilizama. Upepo ukija, mawimbi yalisimama juu yake, kisha yakakimbilia ufukoni.

Nilikuwa msichana, sijaolewa, na kutulia kulinishinda. Shamba hakuna, siku nzima ni kutazama maji tu. Mimi na kaka yangu Ochieng' tukachukua ubao wa mtumbwi uliovunjika, tukajifunza kuulalia kifudifudi na kuteleza na wimbi. Raha yake sijui nikuambieje! Ni kama tumbo linabaki nyuma, wewe uko mbele.

Siku hiyo maji yalikuwa juu kuliko siku zote. Waya Nyangweso, yaani shangazi yetu, dada ya baba, alikuwa akianika omena, wale dagaa wa ziwani.

"Atieno, ngoja kwanza uyaangalie maji," akaniambia.

"Nimeyaangalia tangu asubuhi, waya!"

Nikaingia. Nikapiga mikono mpaka nikaivuka miamba, halafu nikageuka. Ndipo nikaona kwamba kila wimbi lilipasuka palepale nilipotaka kupita. Nikajaribu. Likaniangusha, goti likachanika kwenye jiwe, ubao ukaenda zake. Ochieng' alitaka kujitosa. Waya akamkamata shati, na kwa mkono wa pili akapunga leso kuelekea kwenye mafunjo, mbali kidogo, ambako maji yalikuwa yametulia.

Lakini mimi nilitaka njia fupi. Nikajaribu tena, nikanywa maji, nikadhani nimekufa. Ndipo nikaogelea kule alikoonyesha, nikayashika mafunjo nikilia.

Waya alinifunga goti. Hakunipiga.

"Njia ya kuingia uliijua," akasema. "Ya kutoka je?"

Mwanangu, sikukatazi kwenda unakotamani. Naona miguu yako haitulii, na mimi mwenyewe nilirudi majini goti lilipopona. Ila usiingie kabla hujaona utatokea wapi. Na mtu akikuonyesha njia ndefu iliyo salama, ifuate, hata moyo ukikuwasha. Mungu akupe pumzi ya kutosha, akulinde majini na nchi kavu, na kila uendako akurudishe kwetu mzima.