Niliozesha Shapure ya Mama Claudine, Nikamsingizia Vestine

Nina hatia, na naomba usinihurumie kabla sijamaliza. Majina nimeyabadilisha. Langu nimeliacha nje kabisa, maana siku hizi hata nikiitwa naona kichefuchefu. Nakuambia wewe usiyenijua, kwa sababu wanaonijua wameshajua.

Mimi ni Mtanzania. Nilikuja Kigali kwa kazi. Ofisi yetu iko Remera, tunashughulika na mizigo ya malori. Nikapata nyumba ndogo ya kupanga Kibagabaga, ndani ya ua wa mjane mmoja, Mama Claudine. Ni Mnyarwanda aliyekulia Bujumbura, muuguzi mstaafu, na Kiswahili chake ni kile cha Bujumbura, laini, kisichohangaika na ngeli. Alinipokea kama mwanawe. Nikiugua analeta uji. Nikichelewa kazini nakuta sahani yangu imefunikwa mezani kwake.

Barazani kwake palining'inia ua moja. Usifikirie waridi, halikuwa na harufu wala rangi ya kuvutia. Zilikuwa nyuzi nyembamba za kijani zinazoshuka kutoka kwenye chungu, kila uzi umejaa vijani vya mviringo, vinene, vyenye maji ndani, ungedhani ni njegere zimetungwa. Mama Claudine aliliita Shapure, yaani rozari. Marehemu mumewe ndiye aliyelipanda, kutoka kipande cha urefu wa kidole, na miaka yote ya kuugua kwake alilihudumia kwa mkono wake mwenyewe.

Mwaka jana binti yake, Claudine, alijifungua huko Ubelgiji. Mama akaitwa kwenda kumsaidia kwa miezi miwili. Alipokuwa anafunga mizigo nikamwambia, "Mama, Shapure niachie mimi."

Sikuombwa. Niliomba mwenyewe, hilo nalo uliandike.

Akasita kidogo. "Sawa, mwanangu. Lakini hii haipendi mtu wa kuisumbua. Maji, ngoja mpaka tushanga twake tuanze kukunjana. Mbolea nilisha kutia, usiongeze. Na kama kuna kitu hauelewi, uliza Vestine. Mzee alimufundisha."

Vestine alikuwa msaidizi wa nyumba ile, mwanamke wa umri wangu, amekaa pale miaka tisa. Chumba chake kilikuwa nyuma ya jiko. Alikuwa amesimama mlangoni anasikia, akanitabasamia.

Hapo ndipo uchafu wangu ulipoanzia. Nilikasirika. Mimi mwenye digrii nimuulize dada wa kazi namna ya kumwagilia ua? Nikaitikia kwa Kinyarwanda, "Yego, Mama," ndiyo, kwa adabu zote, lakini moyoni nilishaamua kwamba akirudi atakuta nyuzi zimegusa sakafu, na atajua ni nani kazifikisha pale.

Wiki ya pili nikaanza. Nyuma ya nyumba kulikuwa na banda la kuku. Nikachota mavi yao mabichi, nikayaloweka kwenye ndoo, nikamimina chunguni. Nikaona haitoshi. Nikachukua mbolea ya chembechembe ambayo Mama hutumia kwenye mahindi yake, nikanyunyiza kiganja kizima.

Vestine alinikuta palepale. "Dada, ile ni kali sana. Mzee alikuwa anatia ya maji, kidogo sana, nusu ya kifuniko kwa ndoo nzima. Mara moja tu, kisha anangoja miezi. Hii ua inapenda kukaa na njaa."

"Vestine, mimi kilimo nimekisoma shuleni."

"Sawa, Dada," akasema, akaenda zake.

Siku chache baadaye vijani vikaanza kukunjana. Leo najua kwamba mizizi ilikuwa imeungua kwa mbolea, haikuweza tena kunywa. Wakati ule niliona kiu tu. Nikawa namwagilia asubuhi kabla ya kazi na jioni nikirudi, na kisahani cha chini nikakiacha kimejaa maji kutwa.

Sijui nikuelezeje kilichofuata. Zile shanga nzuri zilififia, zikawa na rangi ya jicho la samaki aliyekaa sokoni siku tatu. Ukizigusa zinapasuka, ute unabaki vidoleni. Harufu ilikuwa ya mavi ya kuku, maji yaliyolala, na kitu kitamu kilichooza, vyote pamoja, na ilikuwa inaniingilia hadi dirishani kwangu. Jumamosi moja nikashusha chungu nione. Nikachokonoa udongo kwa kijiko. Funza weupe walikuwa wanapita kwenye mizizi iliyogeuka uji mweusi. Nilitapika palepale barazani, nikajifuta kwa kiganja kilekile chenye ute, nikatapika tena.

Ningeweza kumpigia Mama Claudine siku ile. Simu ilikuwa mfukoni. Angelia, angenisamehe, mambo yangeishia hapo.

Badala yake nilikunja kila kitu ndani ya gunia, nikakitupa kwenye takataka, nikasugua chungu kwa sabuni mpaka kikang'aa. Mama alipopiga kuuliza, "Shapure iko?" nikajibu, "Iko Mama, inashuka tu." Nikamtumia picha niliyokuwa nimeipiga kabla hajasafiri. Akaniandikia kwamba amemwonyesha mjukuu wake ua la babu yake.

Nilisoma ujumbe ule nikala chakula changu cha mchana. Nilimaliza sahani.

Siku mbili kabla hajarudi nilipita karibu na chumba cha Vestine. Mlango ulikuwa wazi. Dirishani palikuwa na sinia ya mchanga mkavu, na juu ya mchanga vipande kama kumi vya zile nyuzi, vyenye shanga ngumu, vya kijani, vimekatwa kwa kisu na kulazwa vizuri. Nilielewa mara moja. Alikuwa amelifungua gunia langu, akaingiza mikono kwenye ule uozo ambao mimi ulinitapisha, akaokoa vilivyokuwa bado vizima. Hakuniambia kitu. Nadhani alitaka kunistiri.

Mama Claudine alifika akiwa na zawadi zangu mkobani. Kabla ya kukaa akaenda barazani. Akaona ndoano tupu.

"Shapure iko wapi?"

Sikutafuta maneno. Yalikuja yenyewe, na hilo ndilo linalonitia kinyaa kuliko yote. Nilisema, "Mama, sikutaka kukuambia ukiwa mbali. Vestine alikuwa anaikata kidogo kidogo, nadhani anawapa wanawake wa kanisani. Ikadhoofika, ikafa. Vipande vingine viko chumbani kwake."

Tukaenda wote. Sinia ilikuwa pale dirishani.

"Nilizitoa kwa takataka, Mama," Vestine akasema.

"Nani alizitupa?"

Vestine akanitazama, akaningojea. Nikasema, "Mimi sijatupa kitu."

Akaacha kunitazama mimi, akamtazama Mama Claudine. "Mama, wewe unanijua."

Mama alikuwa amechoka na safari, macho yake yako kwenye vile vipande vilivyokatwa kwa kisu. Hakusema ndiyo, hakusema hapana. Alinyamaza. Alinyamaza muda mrefu mno, na Vestine akauelewa ule ukimya. Hakufukuzwa. Alivuta begi lake chini ya kitanda, akaanza kukunja nguo.

Alipokuwa anatoka alipita mlangoni kwangu na ile sinia. Akaniwekea mikononi. "Usizipe maji mpaka wiki ijayo. Zimeanza kutoa mizizi. Mbolea usitie kabisa, hata miezi sita. Utampatia Mama akitulia."

Alijua kila kitu, na bado alikuwa anafikiria ua lisife. Mimi nilikuwa nafikiria asije akapiga kelele majirani wakasikia.

Siku tatu nilikwenda kazini kama kawaida. Ya nne, jioni, Mama Claudine akaja kwangu na bakuli la uji kwa sababu alinisikia nakohoa. Akakaa kitandani kwangu. Akasema, "Unisamehe, mwanangu. Nilikuachia mutu mubaya hapa nyumbani, nikakupa shida."

Yeye ndiye aliyekuwa ananiomba msamaha. Uji ulikuwa mkononi mwangu, wa moto. Nikauweka chini nikamwambia yote. Mavi ya kuku, kiganja cha mbolea, funza, gunia, picha ya zamani. Sikuruka kitu.

Hakupiga kelele. Aliinamisha kichwa akawa anapangusa goti lake kana kwamba lina vumbi.

"Ile ua ingekufa tu, ningelia siku mbili, ikaisha," akasema. Baadaye kidogo akaongeza, "Na mimi nilinyamaza. Aliniangalia mimi, nikanyamaza." Akasimama. "Vaa viatu."

Vestine alikuwa kwa dada yake, mtaa wa Rebero. Tulimkuta uani anachambua maharage, dada yake yuko pembeni anafua. Mama Claudine hakunisaidia hata neno moja. Nikaanza kuongea Kiswahili, na Vestine akanikatisha kwa upole.

"Sema Kinyarwanda. Dada yangu hajui Kiswahili, na yeye ndiye alinipokea nikiitwa mwizi."

Kinyarwanda changu ni cha salamu na sokoni. Nilisimama pale natafuta maneno kama mtoto. Mwisho nikapata matatu: "Ni njye wabeshye." Mimi ndiye niliyedanganya. Dada yake akaacha kufua. Nikarudia, kwa sababu mara ya kwanza sauti haikutoka vizuri.

Mama Claudine akamshika Vestine mkono. "Turudi nyumbani, mwanangu."

Vestine akautazama ule mkono. Akanigeukia mimi kwanza. "Wewe nimekusamehe, Dada. Wewe ulikuwa haunijui." Kisha akamwambia Mama Claudine, polepole, bila hasira yoyote, "Wewe ulikuwa unanijua."

Akarudia maharage yake.

Njia nzima ya kurudi Mama Claudine alilia kimya, ameegemea dirisha la gari. Sikuthubutu kumgusa. Mwisho wa mwezi nilihama. Hakunifukuza, lakini sahani ya kufunikwa haikuonekana tena mezani, na sikuwa na haki ya kuitafuta. Vile vipande nilimwachia. Nasikia vimeshika. Nasikia pia kwamba anafua mwenyewe, anapika mwenyewe, na mgongo unamsumbua, na Vestine ameshapata kazi kwa watu wengine.

Wewe unayesoma, huenda sasa hivi kuna kitu cha mtu kimeharibika mikononi mwako. Kikombe, simu, ua, vyovyote. Unatafuta pa kukificha. Nakuomba, kama unavyoweza kuombwa na mtu anayejichukia: nenda ukaseme leo. Leo atakayeaibika ni wewe peke yako. Ukingoja kesho utaanza kuangaza macho nyumbani ukitafuta wa kumbebesha, na utampata, na atakuwa yule asiyeweza kujitetea. Mimi nilimpata upesi sana.