Njia ya Watu Wawili

Mgeni akifika kwetu Itetemia huuliza ni gari la nani linalopita shambani. Hakuna gari. Kila njia yetu ina vijia viwili, na nyasi katikati, kwa sababu tunatembea wawili wawili, bega kwa bega. Tulipokuwa watoto mama zetu walitupazia sauti kwa mbali, "Msiongozane." Kwa nini, hawakusema.

Apolinaria, mke wangu, alilishika sana hilo. Nikitangulia, anatua jembe, anasimama. "Nikufuate kama nani?" Jibu hakulitaja hata siku moja. Kwamba nyuma ya nyumba zetu ndipo ilipopita misafara, watu wamefungwa shingoni mmoja nyuma ya mwingine, hayo nilikuja kuyasikia mjini, ndevu zimeshaota. Nyumbani hayatajwi.

Alipofariki, binti yetu Julieth, aliyekulia Dar tangu mdogo, alikuja na bwana mmoja wa kuongoza shughuli. Jeneza likawekwa uani. Bwana yule akashika kipaza sauti.

"Ndugu waombolezaji, tupange mstari mmoja, mtu nyuma ya mtu, tupite kumuaga mama."

Hakuna aliyeinuka. Akarudia. Jirani yangu Leodgar akasema chini chini, "Mimi nimekuja kuzika. Foleni ya sukari nilishamaliza."

Julieth akaniinamia, macho mekundu.

"Baba, wamemsusia mama? Alikosana na nani?"

"Hawajamsusia."

"Sasa mbona hawaji?"

Nilikuwa nimechoka. Lakini ningekaa vile, angefunikwa bila kuagwa. Nikajikongoja hadi kwa Kabula, mdogo wake marehemu.

"Shemeji, twende."

"Muda wote ulikuwa unangoja nini?" Akanishika mkono.

Tukaenda sambamba. Ndipo watu wakainuka, wawili wawili, wengine watatu wameshikana, hadi wakaisha. Bwana yule akazima kipaza sauti. Julieth alibaki mlangoni peke yake, Leodgar akamwambia, "Njoo ubavuni hapa, mwanangu." Wakapita.

Siku hizi naenda shambani mwenyewe. Nashika kijia changu, cha kulia. Kile cha kushoto nyasi zimeanza kukiziba. Jana nilisimama nikakipalilia, nikafika kwenye kona, mgongo ukakataa. Nikaegemea jembe kidogo. Kisha nikaendelea, upande wangu.