Nafasi ya Kwanza

Mwalimu mkuu hutembea na kalamu nyekundu kwenye mfuko wa shati, na kila siku huitumia kupiga mstari kwenye daftari la mahudhurio ya walimu. Aliyefika baada ya saa moja na nusu hubaki chini ya mstari, hata kama alikwama kwenye tope la barabara ya Rhotia. Vidole vyake vinene hushika rula taratibu, kama fundi anayepima gauni la harusi, huku sauti ikitoka laini: "Walimu wenzangu, shule ni timu, na timu ni kuaminiana." Katarina, mwalimu wa darasa la pili, humsikia akakaza meno, maana nafasi ya kwanza kwenye daftari wote humwachia mkuu kwa heshima, naye akija saa tatu huijaza bila kupepesa macho: amefika saa kumi na mbili na nusu. Jana Katarina aliandikiwa barua ya onyo kwa kuchelewa dakika nne. Leo amefika mapema, akasaini nafasi ya kwanza, na wenzake wakafuata bila kuacha pengo. Saa tatu mkuu anafungua daftari, rula mkononi, anatafuta nafasi yake.

"Ipo, mkuu," Katarina anasema bila kuinuka kitini. "Chini yetu."