Kochi Jekundu na Treni ya Makaa

Nimepanga vyumba juu ya maduka mengi, katika nchi nyingi: juu ya muuza samaki, juu ya chuo cha udereva, na wakati mmoja juu ya mchonga majeneza aliyekuwa akipiga miluzi kutwa. Kelele za chini hunijulisha mji upesi kuliko ramani. Mwaka ule, chini yangu alikuwa fundi wa makochi, mama wa makamo mwenye mabega ya mbeba magunia, ambaye mtaa mzima ulimwita Misumari. Jina hilo lilitokana na kinywa chake. Akianza kazi alijitia mdomoni misumari midogo, ukufi mzima, kisha akawa anaitoa kwa ulimi mmoja mmoja kwenye nyundo yake ya sumaku, ta, ta, ta, huku akijibizana na wateja kwa pembe ya mdomo. Mgeni aliyemsikia kwa mara ya kwanza alidhani anaumwa meno.

Karakana yake ilinuka gundi na sponji mpya. Makochi yaliyovuliwa nguo yalikaa kando ya ukuta, springi nje, yakisubiri zamu. Ila pembeni kabisa, mbali na vumbi, palikuwa na kochi moja jekundu lenye mgongo wa vifungo, limetulia kama bibi harusi, na mbele yake televisheni. Chini ya televisheni palikuwa na mashine ya gemu.

"Hiyo unacheza wewe?" nilimwuliza nilipompelekea begi langu lililokatika mkanda.

"Hiyo si ya kucheza," alijibu kupitia misumari. "Hiyo ndiyo simu yangu ya kuongea na mdogo wangu."

Mdogo wake huyo, mwanamume, alikuwa fundi wa lifti katika mji wa mbali, wenye baridi na majengo yasiyokwisha. Walipendana sana, na hawakujua kabisa kuzungumza. Kwenye simu ilikuwa: "Mzima?" "Mzima." "Na huko?" "Wote wazima." "Haya basi." Kisha kila mmoja alibaki anatafuta namna ya kukata bila kumwudhi mwenzake. Hata mama yao, alipokuwa hai, aliwahi kuwauliza kama kuna mtu anawatoza kodi ya maneno.

Mwishowe kaka mtu akatuma mashine, na akawa analipia huduma ya gemu ya kila mwezi, ile ambayo ukilipa unafunguliwa ghala zima unachagua unachotaka. Walijaribu mpira, dada akawa anajifunga magoli. Walijaribu vita, akauawa kabla hajakaa vizuri. Ndipo wakakuta Treni. Watu wawili wanaendesha treni ya makaa kuvuka nchi isiyokuwepo duniani, mmoja anashika mtambo wa mwendo na breki, mwingine anatia makaa. Kumbe hawa ndugu mikono yao ikipata shughuli, ndimi hufunguka zenyewe. Kila Jumapili alasiri nilikuwa nawasikia kupitia sakafu yangu, dada kwa koo lake, kaka kwenye spika.

"Tia makaa, tunakwama kwenye mlima! Halafu daktari alisemaje kuhusu goti?"

"Breki, dada, kona hiyo! Alisema nipunguze kupanda ngazi."

"Fundi wa lifti apunguze ngazi?"

"Sasa dada, mimi naitwa lifti ikiwa imeharibika. Nitapanda na nini?"

Kicheko cha Misumari kilitikisa vikombe vyangu.

Ugomvi wao ulikuwa mmoja tu. Kila kituo kaka alishuka. Kulikuwa na paka wa stesheni, anayejificha nyuma ya mapipa na mizigo, na kaka hakukubali treni iondoke kabla hajampata na kumpandisha. "Safari hii itatutia mvi," dada alilalamika. "Mvi unazo tayari," alijibiwa. "Mimi nachelewesha nini?"

Basi siku moja nilishuka kufuata begi langu nikamkuta Misumari amesimama mbele ya televisheni, nyundo mkononi, kama mtu anayetafakari apige wapi. Mpiga picha wa ng'ambo ya barabara alikuwa naye, mwanamume mwembamba, mwenye fulana yenye mifuko mingi kuliko vitu vyake.

"Wananinyang'anya treni," Misumari alisema.

Kweli. Juu ya picha ya ile gemu palikuwa na utepe umeandikwa: *Inaondoka mwisho wa mwezi.*

Hapa yanipasa nieleze alichofuata yule mpiga picha, maana hakuja kwa ajili ya treni. Alikuja kwa ajili ya kochi. Lile kochi jekundu lilikaa studioni kwake muda mrefu, kwa kukodi. Nusu ya mtaa ilipigwa picha juu yake: wachumba, watoto wachanga, mzee mmoja na bata wake. Muda waliopatana ulipokwisha, Misumari alimwambia anunue au arudishe. Mpiga picha akasema mtu hanunui kiti cha kazini. Lakini kurudisha pia hakutaka. Siku ya kuchukuliwa, alifunga studio kwa ndani akajikalisha juu ya kochi gizani, anakula biskuti, na Misumari nje anagonga. Alishinda hivyo hadi wateja wake walipoanza kwenda kwa mwenzake wa mtaa wa pili, ndipo akafungua. Tangu hapo alikuja kila wiki kubembeleza, na kila wiki alifukuzwa, maana sasa kochi lilikuwa la Jumapili na Treni.

"Umeshaipakua hiyo gemu?" mpiga picha aliuliza. "Imo ndani ya mashine?"

"Imo."

"Basi ni yako, usihangaike. Chomoa waya wa intaneti. Asiyekuona atakunyang'anyaje?"

Alisema kwa upole na uhakika, kama daktari. Misumari akachomoa waya, akaufunga fundo, akauning'iniza kwenye msumari ukutani juu kabisa, kana kwamba ungeweza kujirudisha wenyewe.

Jumapili ilifika. Nilimsikia anakaa, nikasikia king'ora cha treni. Treni ilikuwepo, nzima, na moshi wake. Ila bila intaneti kaka hakuweza kupanda, kwa hiyo gemu ilimpa dada mtia makaa wa kubuni, bwana mmoja mwenye kofia, asiyechoka wala kufungua kinywa.

"Tia makaa," nilisikia.

Makaa yakatiwa.

"Wewe, huna goti?"

Makaa yakatiwa. Baada ya muda kidogo televisheni ikazimwa.

Jioni kaka alipiga simu. "Mzima?" "Mzima." "Sikukuona hewani." "Nilikuwa na kazi." "Haya basi." Nilisikia yote nikiwa mlangoni, na nilikereka kama mtu aliyeona basi linampita. Kwa nini hakumwambia? Nilipomwuliza, alisema akirudisha waya watamwona na kuichukua treni papo hapo, na bila treni wangeongea nini, yeye na mdogo wake? Watarudi kwenye mzima-mzima. Heri aifiche kwanza, njia itapatikana.

Na kaka, kule kwenye baridi yake, alikuwa na hesabu zake. Wiki iliyotangulia alikuwa amesema kwamba likizo imegoma, hatakuja nyumbani mwaka huu. Dada alijibu "sawa" na kupiga honi. Halafu Jumapili iliyofuata hayupo hewani. Na iliyofuata tena hayupo. Wewe ungeelewaje?

Akapiga simu siku ya kazi, jambo ambalo hakuwa akilifanya. Misumari alikuwa amebana kitambaa kwa magoti, akaweka simu juu ya meza na spika wazi. Mimi nilikuwepo kwa sababu ya begi, ambalo halikuwa likiisha. Mpiga picha alikuwepo kwa sababu ya wiki yake.

"Dada," sauti ilisema, bila mzima wala nini. "Umenikasirikia?"

Misumari akatema misumari yote kiganjani. Sikuwahi kumwona akifanya hivyo kwa mteja yeyote.

"Nikukasirikie kwa lipi?"

"Likizo. Maana umeacha kuja kwenye treni."

"Sijaacha! Naificha!" Akamweleza yote: utepe, waya, fundo, msumari ukutani, bwana wa kofia. Upande wa pili kukatoka sauti ya mtu anayejizuia kucheka na kushindwa.

"Nani alikushauri?"

Mpiga picha akaanza kuchunguza lenzi yake.

"Sikiliza, dada yangu. Ile treni si mali ya hao ninaowalipa kila mwezi. Wao wenyewe wameikodi kwa walioitengeneza, kwa muda. Muda ukiisha, wenye treni wanaichukua, au wanapatana tena inabaki. Zinatoka hivyo, zinaingia nyingine."

"Na hii niliyopakua?"

"Itakaa humo humo. Ila mwezi ukigeuka, ukiibonyeza itakuambia huna ruhusa. Mashine ina kalenda yake, waya uwepo usiwepo."

"Wezi wakubwa!"

"Wezi? Na kochi jekundu je?"

Nyundo ilisimama hewani.

"Kochi muda wake uliisha," alisema Misumari.

"Enhe."

"Nilimwambia anunue, hakutaka!"

"Enhee."

"Mwambie, kaka, mwambie!" mpiga picha aliruka kwa furaha. "Hivyo hivyo alinifanyia! Nami nikafunga mlango, nikakaa na kochi langu ndani, na hakuna aliyeingia…" Hapo akasita. "Hakuna mteja hata mmoja aliyeingia."

Sote watatu tukautazama ule waya ukutani, na fundo lake.

Misumari aliuondoa polepole. "Na safari yetu?" aliuliza, sasa kwa sauti ndogo. "Vituo vyote vile. Daraja lile tulipolala."

"Ulipochukua kochi, picha za watu zilifutika?"

"Zifutike vipi, ziko kwenye kuta zao."

"Basi. Safari yetu imehifadhiwa. Ile treni ikirudi siku yoyote, au mmoja wetu akiinunua, tunaanzia pale pale. Anunue mmoja, mwenzake anapanda bure. Na bei yenyewe wanatupunguzia sisi tunaolipia mwezi, imeandikwa chini ya lile tangazo. Uliteremka ukasoma?"

"Nilisoma la juu nikapandwa na hasira."

"Nitainunua mimi."

"Hununui kitu!" Kiburi kilikuwa kimerudi pamoja na sauti. "Nani ananunua treni ya kwenye televisheni? Jumapili bado moja. Tutaimaliza. Tukishafika mwisho, waichukue wakaipeleke wanakotaka."

Jumapili ya mwisho nilialikwa rasmi. Mpiga picha hakualikwa, alikuja tu, akakaa pembeni mwa kochi na kulipapasa vifungo kama mtu aliyeonana na mtoto wake wa kulea. Misumari aliendesha kama mtu anayekimbizwa. Vituo vilitupita kwa mstari, taa, mapipa, mabango, hakusimama hata kimoja.

"Makaa!"

"Yapo."

"Makaa!"

"Yapo, dada."

Hayo ndiyo yaliyokuwa mazungumzo. Hakuna goti, hakuna daktari, hakuna yule mwenye nyumba wa kaka anayezima joto la vyumbani kule kwenye baridi. Bwana wa kofia angeweza kuifanya kazi ile bila tofauti. Nilidhani ni mimi tu niliyetambua, mpaka tukavuka daraja refu la ziwani na kwa mbali, ng'ambo, taa za kituo cha mwisho zikaanza kuhesabika. Hapo kaka akauliza, taratibu:

"Dada, tukifika ndiyo basi?"

"Ndiyo basi."

Treni ilizidi kusonga. Kwenye skrini niliona jina la kituo limeshasomeka. Misumari alikuwa amebana midomo kana kwamba imejaa misumari, na mdomoni hamkuwa na kitu. Kisha mkono wake ukavuta breki. Magurudumu yalipiga kelele hadi mpiga picha akaziba masikio.

"Kuna nini?" kaka alipiga ukelele. "Tumegonga?"

"Paka yuko wapi?"

"Paka gani?"

"Paka! Hukumpandisha."

"Si ulisema tusisimame?"

"Tangu lini wewe unanisikiliza?" Akasukuma mtambo wa kurudi nyuma, na treni nzima, mabehewa yote, ikaanza kurudi kinyumenyume juu ya daraja. Ilikuwa polepole mno, na hakuna aliyelalamika. Kaka alicheka, halafu akaguna.

"Nini?"

"Goti. Nimekaa vibaya."

"Uliambiwa upunguze ngazi! Ile dawa ya kuchua unatumia?"

Waliendelea hivyo hadi jua likahama dirishani. Kabla ya kuzima, Misumari alirudi kwenye ukurasa wa Treni, akateremka chini ya utepe, chini zaidi, mpaka bei. Ilikuwa kama ya kubadilisha kitambaa cha kiti kimoja cha kulia chakula. Alinunua kwa kubonyeza mara moja, kwa nguvu, kama anayepigilia.

"Na kochi langu," alisema mpiga picha, akiona mlango umefunguka, "nalo lina bei?"

"Halina bei. Kwanza shusha miguu."

Alishusha miguu.

Misumari alifuta alama ya kiatu kwenye kochi. "Jumatatu mpaka Jumamosi," alisema mwisho. "Jumapili mchana liwe hapa. Na huyo mzee mwenye bata asilikalie tena."

Miezi iliyobaki niliwaona kila Jumapili kutoka dirishani kwangu: Misumari mbele, mpiga picha nyuma, kochi jekundu katikati yao likivuka barabara, na madereva wakipiga honi kana kwamba ni msafara wa mkubwa fulani. Mkanda wa begi langu ulimalizika siku niliyokuwa nahama. Nilipokwenda kuaga walikuwa hewani, wamerudi nyuma vituo kadhaa, na paka bado hajapatikana.

"Huyo mpangaji wako anakwenda wapi tena?" spika iliuliza.

"Hata mwenyewe hajui," alisema Misumari, akanipungia kwa mkono usioshika breki. "Angalia nyuma ya mapipa. Halafu niambie, yule mwenye nyumba amewasha joto?"